Nasimiyu na Nyumba ya Pilot

Siku Nasimiyu alipolisikia jina la Pilot kwa mara ya kwanza alicheka, na kicheko kile ndicho kilichomponza. Ilikuwa Mei mwaka 2007, kiyoyozi kimekufa, watu wamejazana mpaka mlangoni. Alikuwa nyuma ya kaunta ya ofisi ya kuchapa fomu, moja ya zile ofisi nyembamba za Doha ambako mtu asiyejua Kiarabu wala kompyuta huenda kujaziwa maombi ya viza, barua za kazini na mikataba ya nyumba. Mwanamume mrefu, mabega mapana, akasogeza pasi yake ya Nijeria juu ya kaunta.

"Jina?" Nasimiyu akauliza bila kuinua macho.

"Sokari Pilot."

"Nimeuliza jina. Kazi tutaiandika chini."

"Hilo ndilo jina," yule mtu akasema. "Urubani ulimshinda hata babu yangu. Mimi ni fundi wa pampu."

Nasimiyu akacheka kwa sauti, mbele za watu, jambo ambalo hakuwa amelifanya tangu atue Doha. Alikuwa na miaka ishirini na minne. Alizaliwa Kimilili, mtoto wa tatu wa mwalimu Wekulo wa shule ya msingi, akasomea uhazili Eldoret, na aliletwa Qatar na wakala aliyemwahidi kazi ya kuchapa. Wenzake wengi aliopanda nao ndege waliahidiwa hivyo hivyo wakajikuta wanapiga deki. Yeye alipata kazi aliyoahidiwa, na kwa sababu hiyo aliamini kwamba ana bahati.

Sokari alirudi wiki ile ile na fomu isiyohitaji kuchapwa. Halafu akarudi tena. Walisemezana kwa Kiingereza, kila mmoja na lafudhi ya kwao, na polepole akamweleza alikotoka. Alikuwa Mkalabari, watu wa mitoni kwenye delta ya mto Nija, mji wao uko kisiwani, saa nzima kwa boti kutoka Port Harcourt. Zamani za biashara ya mawese, babu wa babu yake aliyeitwa Opuene aliongoza meli za Wazungu kupita kwenye mchanga wa mlango wa mto. Wazungu walishindwa kulitamka jina lake, wakamwita Pilot, yaani rubani. Akatajirika, akaunda mtumbwi wa vita, akaujaza wapiga makasia na bunduki, na mfalme akamtambua kuwa chifu.

"Kwetu nyumba si kuta," Sokari alimwambia. "Mtu akiweza kuusimamisha mtumbwi wa vita, wote walioupiga kasia, na wake zao, na watoto wao, hao ndio nyumba yake. Hata kama wametoka pande saba. Sisi ni Nyumba ya Pilot. Baba yangu ndiye chifu wake sasa."

"Kwa hiyo wewe ni mtoto wa mfalme?"

"Mtoto wa chifu. Mmoja kati ya kumi na tisa."

Nasimiyu hakuvutiwa na uchifu. Alivutiwa na jinsi mtu yule alivyozungumzia marehemu wa miaka mia kama vile amewaacha wakinywa chai nyumbani.

Walifunga ndoa mwaka 2009, katika kanisa lililo ndani ya ule uwanja wa makanisa huko Mesaimeer, kwenye ibada ya Ijumaa, kwa kuwa Jumapili ni siku ya kazi. Upande wa bibi harusi alisimama Cherotich, Mkalenjin aliyekuwa mlinzi na aliyelala kitanda cha juu ya kile cha Nasimiyu kwa miaka mitatu. Upande wa bwana harusi alisimama Iyalla Pilot, baba mdogo wa Sokari, mhandisi mshauri wa mambo ya gesi, mtu wa suti ya kitani na fimbo yenye kichwa cha fedha. Iyalla ndiye aliyekuwa mdomo wa Nyumba ya Pilot mjini Doha. Neno la chifu lilipitia kwake, na la Doha lilirudi kwa chifu kupitia kwake.

Wakati wa chakula Iyalla alimwita bibi harusi pembeni akamweleza mambo kwa upole kabisa.

"Mwanangu, leo tumefanya ya kanisa, na ni vizuri. Lakini kwetu kuna ndoa mbili. Ipo igwa, ndoa ndogo. Mwanamume hutoa kidogo, na watoto huhesabiwa wa nyumba ya mama yao. Na ipo iya, ndoa kubwa, yenye vitambaa na vinywaji na mashahidi wa pande zote. Ikishafanyika, mke na watoto ni wa nyumba ya mume mpaka kaburini. Hii yenu kwa sasa tuihesabu igwa. Iya itafanyika nyumbani, mbele ya mababu."

"Itafanyika lini, Baba?" Nasimiyu akauliza.

"Mtakapokuja likizo."

Kule Kimilili mwalimu Wekulo naye alikuwa anangoja. Kwa Wabukusu, watu wake, ndoa haijasimama mpaka ng'ombe waingie bomani. Sokari alimpigia simu mkwe wake, akasema kwa heshima zote kwamba atakuja na ng'ombe mara tu atakapomaliza mambo ya kwao. Mzee akakubali. Basi kila upande ukawa unaungoja mwingine, na wao wawili wakaishi katikati, katika vyumba viwili vya nyumba kubwa iliyokatwa vipande huko Al Thumama, ndege zikishuka juu ya paa lao hata glasi zikitetemeka kabatini.

Mwaka ule likizo haikupatikana. Mwaka uliofuata Nasimiyu alikuwa mjamzito. Mtoto wa kiume akazaliwa Juni 2010, na siku ya tatu chifu mwenyewe alipiga simu kutoka kisiwani. Sauti yake ilikuwa nzito na ya polepole. Sokari alisikiliza, akainamisha kichwa, na alipokata simu macho yake yalikuwa yamelowa.

"Amempa jina," akasema. "Opuene."

"La yule wa kwanza?"

"La yule wa kwanza. Ndugu zangu wana watoto wa kiume saba, na hakumpa hata mmoja. Amesema, mwambie mama yake nimempa jina la mwenye nyumba."

Nasimiyu alilia. Kuanzia siku ile hakuuliza tena habari ya iya. Alijiambia kwamba mtu aliyepewa jina la mwenye nyumba hawezi kufungiwa mlango wa nyumba hiyo.

Hayo ndiyo mawazo aliyokuwa nayo mwaka 2012, zilipofika zile kaseti. Mzee alikuwa amezeeka na alitaka historia ya nyumba yake iandikwe kabla hajafa, kwa sababu nyumba nyingine mbili za mjini zilikuwa zimeshachapisha vitabu na kujipa ndani yake ushindi ambao, kwa maoni yake, haukuwa wao. Alizungumza kwenye kaseti kumi na nne. Mtu aliyekuja kazini Qatar akazileta ndani ya mfuko wa kamba waliokaushwa, na nyumba ya Al Thumama ikanuka kamba mwezi mzima.

Kazi ikaanza. Sokari alikuwa akirudi na basi la kampuni kutoka kwenye mitambo ya kaskazini, analala njiani mpaka wapite mji wa Umm Salal, anashuka na kuoga, halafu anawasha redio ya kaseti. Anasikiliza sentensi moja ya baba yake kwa Kikalabari, anasimamisha, anaisema kwa Kiingereza, na Nasimiyu anaichapa. Opu, kama walivyomwita, alicheza chini ya meza akiwa ameegemea miguu yao. Ijumaa walifanya tangu kutoka kanisani mpaka jioni. Miezi kumi na moja walifanya hivyo, na Nasimiyu alikuja kusema baadaye kwamba hiyo ndiyo ilikuwa miezi ya ndoa yake, iliyobaki ilikuwa kusubiri.

Aliijua ile nyumba kuliko wakwe zake waliozaliwa humo. Alijua vita na watu wa mto wa jirani kuhusu soko la mawese. Alijua mtumbwi wa kwanza uliitwaje na ulizama wapi. Alijua siku mji mzima ulipovunjika kwa ugomvi wa nyumba na nyumba, watu wakapakia miungu yao na wazee wao kwenye mitumbwi wakahamia kisiwa kipya. Alijua ubao wa kuchonga wa Opuene ambao mwanawe alimwekea alipokufa, sanamu yake imekaa katikati kwa ukubwa, na watu wake wadogo wadogo pande zote mbili, na jinsi wamisheni walivyoutaka uchomwe moto, na mwanamke mmoja akauficha chini ya mikeka ya kuanikia kamba mpaka hasira ya wamisheni ikapita. Alipochapa habari ya mwanamke yule alisimama, akamwambia Sokari, "Huyu hajatajwa jina."

"Baba hakulijua."

"Muulize."

Sokari alimuuliza kwenye simu. Mzee akasema hakuna aliyewahi kumuuliza hilo, na siku mbili baadaye akapiga simu mwenyewe kuleta jina: Ibiso. Nasimiyu akaliingiza. Chifu akawa kila akipiga simu anauliza kwanza, "Mchapaji wangu hajambo?"

Kaseti ya tisa ndiyo ilikuwa na lile neno. Mzee alikuwa amechoka siku hiyo, sauti imeshuka, anaongea kana kwamba redio haipo. Sokari akasikiliza, akasimamisha, akaisema kwa Kiingereza kabla hajafikiri. Kwamba Opuene hakuzaliwa mtoni. Aliletwa kutoka bara, mtoto wa miaka kama saba, amefungwa kamba, ana chale za watu wengine shavuni, akanunuliwa na mfanyabiashara wa zamani. Mke wa mfanyabiashara yule akamnyoa nywele kwa mkono wake, akamlisha, akasema mbele ya watu, huyu nimemzaa mimi. Kutoka siku ile akawa Mkalabari, na aliyemuuliza alikotoka alitozwa faini.

Nasimiyu aliichapa.

"Hili ndilo jambo zuri kuliko yote tuliyoandika," akasema.

Sokari alikuwa ameshika kichwa. "Lifute."

"Kwa nini?"

"Kwetu mtu haulizwi alikotoka. Hata mfalme hawezi kumuuliza mtu. Nusu ya mji wetu mababu zao waliletwa hivyo hivyo, na nyumba inaweza kuvunjika kwa neno moja kama hilo. Mzee amesahau kwamba anarekodiwa. Lifute, Nasi. Na ulisahau."

Alilifuta. Kusahau hakuweza, maana hakuna mtu anayejua namna ya kusahau kwa kuamriwa. Na kwa kweli hakutaka kusahau. Mtoto mgeni aliyepewa mama na akaja kuwa mwenye nyumba: alilala nalo, akaamka nalo, akimwangalia Opu wake mwenye pua ya Kibukusu.

Chifu alifariki Februari 2014. Sokari aliomba ruhusa ya wiki tatu, akaondoka na koti jeusi na kompyuta yenye kitabu ndani. Mwili wa chifu hauzikwi haraka. Wiki tatu zikawa miezi mitatu. Picha zilikuja kwenye simu: maiti imelazwa kwenye kitanda cha shaba, ukuta mzima umefunikwa vitambaa vya thamani, siku inayofuata chumba kingine na kitanda kingine chenye mapambo mengine, na wanawake wa nyumba wamekaa pembeni wakilinda, kila mmoja na kitambaa cha familia chenye nakshi za nyuzi zilizokatwa kwa wembe. Nasimiyu alijua kila kitanda kina maana gani. Alikuwa amevichapa vyote.

Mwezi wa Mei Sokari akapiga simu. "Wamenichagua," akasema.

"Kuwa chifu? Wewe?"

"Kaka zangu wawili wakubwa waligombana mpaka wakapelekana polisi. Baraza likaruka juu yao likaja kwangu. Wamesema aliyeandika kitabu anaijua nyumba."

Nasimiyu alipiga kigelegele hata jirani Mfilipino akagonga ukuta. Akaanza kufunga mizigo kichwani. "Basi sasa ndiyo tutafanya iya," akasema. "Nitamwambia bosi. Opu atafurahi, hajawahi kuuona mto."

Upande wa pili alisikika akifunga mlango.

"Sokari?"

"Wazee wanataka mambo yaende kwa utaratibu," akasema. "Nipe muda."

Akampa Juni, Julai na Agosti. Simu za Sokari zikaanza kupungua na kuwa fupi, za kuuliza hali ya mtoto na hali ya hewa. Katikati ya Septemba akapigiwa na mtu mwingine kabisa: mandubu wa kampuni ya mumewe, yule wa kushughulikia makaratasi ya serikali. Alikuwa Msudani mwenye adabu. Akamwomba alete pasi mbili, yake na ya mtoto.

"Za nini?"

"Za kufuta ukaaji, dada yangu. Bwana Pilot ameacha kazi. Ametuma barua. Wewe na mtoto mko chini yake, na sheria inataka mfutwe ninyi kwanza, halafu ndipo yeye." Akasita. "Hakukwambia?"

Nasimiyu alikuwa amechapa barua za namna hiyo kwa mamia ya wake za watu. Alijua vizuri zinavyosomeka na siku ngapi mtu anapewa kuondoka.

Alimpigia Sokari mara kumi na moja, hakupokea. Siku ya pili akampeleka Opu kwa jirani, akavaa gauni lake la kanisani, akapanda teksi kwenda The Pearl, alikokaa Iyalla. Cherotich alikuwa mlinzi kwenye jengo lile lile, zamu ya mchana. Alipomwona akamshika mkono mlangoni.

"Mama Opu, usiende huko juu na hasira. Hawa watu wa hapa wakikasirika wanapiga simu moja tu, na wewe ndiye utaulizwa."

"Sina hasira. Nataka kujua tu."

"Nakuona uso. Hebu kunywa maji kwanza."

Hakunywa. Iyalla alimpokea sebuleni, dirisha zima likitazama mashua za matajiri zilizofungwa chini. Alimkaribisha kwa upole ule ule wa siku ya harusi, akammiminia juisi kwenye glasi.

"Nilikuwa nangoja uje," akasema. "Ni vizuri tuzungumze kama watu wazima. Sokari sasa ni chifu. Chifu hana mambo yake binafsi. Baraza limemtaka afanye iya na binti wa nyumba ya Kikalabari, ili uzao wa kiti cha uchifu usiwe na maswali. Amekubali. Itafanyika Desemba."

"Na mimi?"

"Wewe uliolewa igwa; ya kanisa baraza haliihesabu. Nilikueleza mwenyewe, siku ile ile, hukudanganywa. Hakuna anayekufukuza. Lakini hakuna kilichokamilika."

"Na mtoto?"

"Mtoto wa igwa ni wa nyumba ya mama yake. Ni wa baba yako. Huko ndiko atakakorithi."

"Amepewa jina na chifu, Baba. Jina la mwenye nyumba. Chifu alilitoa kwa mdomo wake."

Iyalla akatabasamu kwa huzuni. "Kaka yangu alikuwa mzee, alikupenda. Lakini jina halibadilishi damu. Mwanangu, elewa. Huwezi kumchukua mtoto wa mgeni, kutoka mbali, asiyejua hata lugha, ukamweka kwenye Nyumba ya Pilot. Nyumba hii ina asili."

Angeweza kunyamaza. Alilifikiria hilo baadaye kwa miaka. Alikuwa na juisi mkononi, mlango uko wazi, Cherotich yuko chini. Lakini lile neno alilolifuta kwenye kompyuta lilikuwa limekaa kifuani mwaka na zaidi, na sasa lilipanda lenyewe.

"Na Opuene," akasema, "yeye alitoka wapi?"

Iyalla akashika fimbo yake. Uso wake ulibadilika kama wa mtu aliyepigwa kofi na mtoto.

"Alikuja na kamba mikononi," Nasimiyu akaendelea. "Alikuwa na chale za watu wengine shavuni. Alikuwa hajui lugha. Mwanamke mmoja alimnyoa nywele akasema huyu ni wangu, na ikatosha. Ikatosha kwenu nyote mpaka leo. Ndiyo hiyo asili yenu. Nimeichapa mimi."

Yule mzee alisimama, fimbo ikaanguka. Hakupaza sauti. "Toka," akasema. "Toka kabla sijasahau kwamba niliwahi kukuita mwanangu."

Sokari akapiga simu kabla jua halijachwa. Ndiyo ilikuwa simu yao ndefu ya mwisho.

"Umemwambia nini baba mdogo?"

"Nilichosema ni kile ulichonitafsiria."

"Nasimiyu, unajua umefanya nini? Ameshapiga simu nyumbani. Kaka zangu wanasema mimi ndiye niliyeitoa siri ya nyumba kwa mwanamke. Wanataka nitozwe faini ya mbuzi na kuapishwa. Kiti kinatikisika."

"Na mtoto wako je, Sokari? Yeye hatikisiki?"

"Nilikuwa na mpango!" Sokari alikuwa analia. "Nilitaka nikae kwanza, nipate nguvu, halafu niwalete polepole. Ningekutetea. Sasa nitakuteteaje? Umenifunga mdomo."

Nasimiyu hakupata kujua kama ni kweli. Siku nyingine aliamini kwamba mpango ulikuwapo na kwamba kwa sentensi moja aliwavunjia wote watatu maisha. Siku nyingine aliikumbuka barua ya kuacha kazi, ambayo iliandikwa kabla hajafumbua mdomo, akaona kwamba mtu yule alikuwa anatafuta kosa la kumtwika, naye akampelekea mwenyewe, akiwa amevaa gauni la kanisani.

Mwenye ofisi ya kuchapa, Mhindi wa Kerala, alikubali kuwa kafili wake tena, mdhamini wa ukaaji wake. Lakini mchapaji haruhusiwi kukaa na mtoto. Viza ya familia ina vigezo vyake, na Nasimiyu alivijua kwa moyo, maana kazi yake ilikuwa kuwaeleza watu kwamba hawajavitimiza. Desemba, mwezi ule ule wa harusi ya Sokari, akampeleka Opu Kimilili.

Mwalimu Wekulo alikuwa ameshafariki. Boma lilikuwa mikononi mwa Japheth, kaka mkubwa wa Nasimiyu, mtu mwema, mkulima wa mahindi na fundi wa baiskeli. Alimbeba Opu mabegani, akamchinjia kuku. Halafu wakakaa nje ya jiko, naye akaanza kuchora chini kwa kijiti, na Nasimiyu akajua ana neno zito.

"Dada, mtoto tunampenda. Atakula tunachokula. Lakini ni wa ukoo gani?"

"Kwao wanasema ni wa kwetu. Anamfuata mama."

"Kwao ni kwao. Huku mtoto anafuata baba, unajua. Na baba yake hakuleta hata ng'ombe mmoja, ili angalau niwe na la kusema kwa wazee. Akifika wakati wa kutahiriwa atasimama kwenye uwanja wa nani? Na shamba hili tuko ndugu wanne. Nikimkatia, wanangu wataniuliza nini?"

"Kwa hiyo aende wapi, Japheth?"

Japheth alichora, akafuta, akachora tena. "Sijasema aende," akasema. "Akae na mama yetu. Nimeuliza tu."

Nasimiyu akamwacha mtoto kwa bibi yake. Opu alikuwa na miaka minne na nusu, anaongea Kiingereza cha Doha na maneno machache ya Kiarabu ya shule ya chekechea, na watoto wa boma walimzunguka wakicheka kila alipofungua mdomo. Wakati gari linaondoka hakulia. Alikuwa amegeuza mgongo, anatazama kuku.

Kitabu kilitoka mwaka 2016. Mkalabari mmoja aliyekuja ofisini kuchapisha mkataba alimletea nakala, hajui ni mke wa nani, akidhani tu kwamba mtu aliyewahi kuolewa upande ule atafurahi. Jalada gumu, mtumbwi wa vita juu yake. Nasimiyu alikifungua nyuma, penye mti wa ukoo. Chini ya Chifu Sokari Pilot palikuwa na mke mmoja, na binti mmoja wa mwaka 2015. Opuene alikuwa mmoja tu, yule wa juu kabisa, na palipoandikwa alikozaliwa waliandika jina la mji wao. Akarudi mbele. Sentensi zilikuwa zake, hata alama za mkato alizokuwa akizikosea zilikuwa pale pale. Mwisho wa ukurasa wa shukrani, baada ya maaskofu na wabunge, palikuwa na mstari mmoja: tunamshukuru pia mchapaji wetu wa Doha.

Cherotich aliyekuja kumwona Ijumaa ile alisoma mstari ule mara mbili. "Watu wengine hawana haya," akasema. "Tukichome?"

"Hapana," Nasimiyu akasema. "Humo ndani yumo Ibiso." Akampa kitabu yule mteja aliporudi kuchukua mkataba wake, akamwambia kwamba hana mahali pa kukiweka, na ilikuwa kweli, maana alikuwa na kitanda na kabati la chuma tu.

Agosti 2018 ulikuwa msimu wa tohara kwa Wabukusu. Mtoto wa Japheth, aliyemzidi Opu mwaka mmoja, alitiwa jandoni, akaimbiwa, akapakwa udongo wa mtoni, akasimama imara uwanjani kwa babake. Opu alikimbia na kundi lile siku zote tatu, akipiga kengele za mwenzake. Akamwuliza bibi yake zamu yake ni lini. Bibi akamwambia angoje. Akamwuliza mjomba. Japheth akamwambia kwamba hilo wanalizungumza wakubwa. Nasimiyu alikuwa amemtumia Sokari ujumbe miezi miwili kabla, akimwomba tu neno, hata la simu, la kuwapa wazee wa ukoo. Ujumbe ulisomwa. Haukujibiwa.

Aliyempigia Nasimiyu simu Septemba alikuwa Roselyne, mwalimu wa darasa la Opu.

"Mama Opuene, samahani kukusumbua kazini. Nilikuwa nataka kukupa pole."

"Pole ya nini, mwalimu?"

"Ya mzee. Opuene alisema darasani kwamba baba yake alifariki, na kwamba ndiyo maana hajatahiriwa. Wenzake walikuwa wanamcheka. Tukasali naye."

Nasimiyu alimshukuru, akasubiri mpaka saa ya watoto kutoka shule, akapiga simu kwa mama yake, akaomba apewe mtoto.

"Opu, umemwambia mwalimu nini kuhusu baba?"

Alisikia kuku, na mtu akipasua kuni.

"Nilisema alikufa."

"Kwa nini?"

"Ni rahisi, Mama," mtoto akasema kwa Kiswahili cha Kimilili. Kile Kiingereza cha Doha alikuwa ameshakipoteza. "Nikisema yuko hai wananiuliza maswali. Nikisema alikufa wananyamaza."

Palikuwa na watu sita wanangoja mbele ya kaunta, pasi mikononi. Nasimiyu akawainulia mkono wasubiri. Akamwambia mwanawe amalize kazi za shule, amsaidie bibi kuteka maji, halafu akakata simu na kumwuliza aliyekuwa mbele anaitwa nani.